Kaimu na Mwenyewe: Kazi za Hanns Kräly, Mwandishi wa Filamu

Mwandishi wa filamu bubu, yaani filamu za miaka ya kabla ya sauti kuunganishwa na picha, aliandika kitu ambacho hadhira haikutarajiwa kukisoma kamwe. Mswada wake ulieleza tukio moja baada ya jingine, mahali linapotokea, nani anaingia, nani anatoka na anabeba nini mkononi. Kisha ulipitia kwa mwongozaji, mpiga picha, mjenzi wa mandhari na waigizaji, na kila mmoja akaugeuza kuwa kitu cha fani yake, hata siku filamu ilipoonyeshwa maneno yaliyobaki yalikuwa yale machache ya vibao, yaani maandishi yaliyokatiza picha ili kueleza kilichosemwa. Ndiyo maana historia ya sanaa hii imeandikwa kama historia ya waongozaji, na majina ya waandishi yamebaki katika orodha ambazo watu wachache huzisoma. Mhadhara huu unamhusu mmoja wa waandishi hao, Hanns Kräly, Mjerumani aliyezaliwa Hamburg tarehe 16 Januari 1884 na kufariki Los Angeles tarehe 11 Novemba 1950, ambaye katika nusu ya pili ya maisha yake jina lake liliandikwa Kimarekani, Hans Kraly, na ambaye kati ya miaka ya vita kuu ya kwanza na mwaka 1929 aliandika filamu nyingi za mwongozaji Ernst Lubitsch.

Swali linalohusu kazi yake ni zito kuliko linavyoonekana. Wahakiki wa filamu wamezoea kusema juu ya "mguso wa Lubitsch", wakimaanisha namna ya kueleza jambo zito au la aibu kwa kuonyesha kitu kidogo kilicho kando yake, kwa mfano mlango uliofungwa, kofia iliyosahauliwa au fimbo ya kutembelea iliyoachwa katika nyumba isiyopaswa, na kumwachia mtazamaji kazi ya kukamilisha hesabu. Msemo huo umempa mtu mmoja sifa ya kazi iliyofanywa na watu kadhaa, na madhumuni ya hoja inayofuata si kumnyang'anya Lubitsch chochote, kwa kuwa alikuwa miongoni mwa waongozaji bora kabisa wa zama zake, bali ni kuonyesha kwamba Kräly alikuwa na wazo lake mwenyewe la kisanaa, linalotambulika hata pale ambapo mwongozaji ni mwingine. Wazo hilo ni kaimu: mtu asiye na cheo, mara nyingi mtumishi au msichana wa nyumbani, anayesukumwa kusimama mahali pa mwingine, na ambaye sheria, kanisa au polisi humpokea kana kwamba ni mwenyewe, mpaka matokeo ya ukaimu wake yawe ya kweli kuliko alichokuwa nacho mwenyewe.

Kräly aliingia katika filamu akiwa mwigizaji, na hilo lina maana, kwa sababu miswada yake inafikiri kwa miili. Mtu anaingia chumbani akiwa na haja fulani, anakuta kizuizi, anatafuta njia ya kukizunguka. Hakuna hotuba, hakuna maelezo ya nafsi. Alikutana na Lubitsch katika kampuni ya Berlin iliyoitwa Projektions-AG Union, iliyosimamiwa na Paul Davidson, mfanyabiashara aliyeanza kwa kumiliki majumba ya sinema kabla ya kugeukia utengenezaji. Lubitsch wakati huo alikuwa mwigizaji wa vichekesho aliyeanza kujiongoza mwenyewe, na mwaka 1916 filamu yao Schuhpalast Pinkus, juu ya kijana mvivu anayepanda kutoka uuzaji wa viatu hadi kumiliki jumba la viatu, iliandikwa na Kräly pamoja na Erich Schönfelder. Vita vilisaidia kampuni hizo kwa njia ambayo waanzilishi wake hawakuipanga, maana tangu 1916 serikali ya Ujerumani ilizuia uingizaji wa filamu nyingi za kigeni, na majumba ya sinema yakabaki na njaa ambayo watengenezaji wa nyumbani tu waliweza kuishibisha. Mwishoni mwa 1917 kampuni ya Davidson ilimezwa na shirika kubwa jipya la Ufa, lililoundwa kwa msaada wa benki na jeshi, na Kräly akajikuta anaandika kwa studio yenye fedha na majengo ambayo waandishi wa kizazi kilichomtangulia hawakuyaota.

Kasi ya kazi ya miaka hiyo inashangaza. Mwaka 1918 zilitoka Ich möchte kein Mann sein, ambamo msichana mtundu anavaa suti ya mwanamume ili kumkwepa mlezi wake mkali na kuishia kunywa na kubusiana na mlezi huyo huyo asiyemtambua, pamoja na Carmen na Die Augen der Mumie Ma, ambazo zilimfanya Pola Negri kuwa nyota. Mwaka 1919 zilifuata, miongoni mwa nyingine, Die Austernprinzessin, Madame Dubarry na Die Puppe. Madame Dubarry, iliyoandikwa na Kräly pamoja na Norbert Falk, ilifungua jumba la Ufa-Palast am Zoo mjini Berlin tarehe 18 Septemba 1919, na ilipofika New York mwezi Desemba 1920 kwa jina la Passion ikawa ndiyo filamu iliyowalazimisha Wamarekani kukubali kwamba taifa lililoshindwa vitani lilikuwa na sanaa ya kuuza. Filamu za kihistoria za namna hiyo, ikiwemo Anna Boleyn ya 1920 na Das Weib des Pharao ya 1922, ndizo zilizowafungulia wote wawili mlango wa kwenda ng'ambo, lakini si ndani yake ambamo Kräly anaonekana vizuri. Umati, majumba na mavazi yanameza mwandishi. Anaonekana katika vichekesho.

Die Austernprinzessin ndiyo kazi inayostahili kukaliwa kwa muda. Quaker, Mmarekani aliyetajirika kwa kuuza chaza, ana binti anayeitwa Ossi, ambaye anavunja samani za nyumba kwa hasira kwa sababu binti wa mfanyabiashara mwingine ameolewa na mwana wa watu wakubwa. Baba anamwahidi mwana wa mfalme. Dalali wa ndoa anampata Nucki, mwana wa mfalme asiye na senti, anayefua soksi zake mwenyewe katika chumba cha kupanga, naye Nucki anamtuma mtumishi na rafiki yake Josef kwenda kumchunguza bibi arusi. Josef anatoa kadi ya bwana wake, anadhaniwa kuwa ndiye, na Ossi, asiyetaka kusubiri tena, anamburura mbele ya mchungaji na kufunga ndoa naye siku ile ile. Ndoa imefungwa kwa jina la Nucki. Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki, anayejua ndoa inayofungwa kupitia wakala wa bwana harusi, ataona mara moja uzito wa kisheria wa tukio hili, isipokuwa kwamba hapa wakala hakupewa uwakala wowote: alitumwa kutazama, akarudi ameoa. Baadaye Nucki mwenyewe analetwa akiwa amelewa mbele ya chama cha wanawake wanaowasaidia walevi, Ossi anampenda bila kumjua, na wanapoanza kuhuzunika kwamba yeye ameshaolewa, inadhihirika kuwa ameolewa na huyo huyo. Kaimu ameshawaoza. Mapenzi yanafika yakakuta karatasi zimekwisha kutiwa saini.

Ndani ya filamu hiyo mna tukio ambalo Lubitsch, katika barua aliyoiandika 1947 akiitazama nyuma kazi yake yote, alilitaja kuwa mahali alipoanza kuwa na mtindo wake. Josef anaachwa angoje katika ukumbi mkubwa wa nyumba ya tajiri, ukumbi ambao sakafu yake imepambwa kwa michoro tata, na kwa kuwa hakuna mtu anayemjali, anaanza kutembea akifuata mistari ya michoro ile, hatua kwa hatua, kwa uangalifu mkubwa. Hakuna kibao kinachoeleza kitu. Unyonge wa maskini katika nyumba ya tajiri, uchovu wa kungojeshwa na utii wa mtu aliyezoea kufuata njia iliyochorwa na wengine vyote vimo katika miguu yake. Tukio la namna hii ni la mwongozaji kwa kuwa ni yeye aliyeamua mahali pa kamera na muda wa kusubiri, na ni la mwigizaji Julius Falkenstein kwa kuwa mwili ni wake. Lakini msingi wake ni wa mwandishi, kwa sababu bila mtumishi kutumwa mahali pa bwana wake hapangekuwa na mtu wa kusimama katika ukumbi ule akiwa hana haki ya kuwapo na hana ruhusa ya kuondoka.

Die Puppe, iliyotoka Desemba mwaka huo huo, inalipeleka wazo lile mbali zaidi. Kijana Lancelot anaogopa wanawake, mjomba wake anataka aoe ili ukoo usikatike, na watawa wanaotamani mahari yake wanamshauri aoe mwanasesere wa mashine kutoka kwa fundi Hilarius. Mwanafunzi wa fundi anavunja mkono wa mwanasesere, na binti wa fundi, aliye kielelezo cha mwanasesere huyo, anachukua nafasi yake. Hapo mpangilio unapinduka: si mashine inayomkaimu mtu, bali mtu anaikaimu mashine, analazimika kusimama wima, kucheza dansi kwa ugumu na kuiba vipande vya chakula mbele ya meza ya harusi asionekane. Kinachofurahisha ni ukarimu wa hadithi hiyo kwa mwoga wake, kwa sababu Lancelot haaibishwi. Anafundishwa kumpenda mwanamke kwa kuanzia na kitu ambacho hakimtishi.

Mwisho wa 1922 Lubitsch alikwenda Marekani kwa mwaliko wa mwigizaji Mary Pickford, na Kräly naye akahamia huko. Kutoka hapa ndipo jaribio la hoja hii linapowezekana, kwa kuwa huko Hollywood mwandishi hakufungwa kwa mwongozaji mmoja. Kräly aliendelea na Lubitsch katika Three Women na Forbidden Paradise za 1924, Kiss Me Again ya 1925, So This Is Paris ya 1926 na The Student Prince in Old Heidelberg ya 1927. Lakini filamu nyingine mashuhuri za Lubitsch za kipindi hicho, kama The Marriage Circle na Lady Windermere's Fan, ziliandikwa na wengine, na wakati huo huo Kräly alikuwa akiwaandikia waongozaji tofauti kabisa. Ikiwa kaimu alikuwa mali ya Lubitsch peke yake, basi angetoweka katika kazi hizo za nje. Hakutoweka.

Katika Her Sister from Paris ya 1925, iliyoongozwa na Sidney Franklin kutokana na tamthilia ya Ludwig Fulda, mke aliyechokwa na mumewe anajifanya dada yake pacha, mcheza dansi maarufu, na mume anaanza kumtongoza mkewe mwenyewe. Katika The Duchess of Buffalo ya 1926, ya mwongozaji huyo huyo, mcheza dansi anadhaniwa kuwa mke wa mtawala na kupokewa kwa heshima zote za cheo hicho. Katika The Eagle ya 1925, iliyoongozwa na Clarence Brown na kuchezwa na Rudolph Valentino, Kräly alichukua hadithi ya Pushkin juu ya Dubrovsky, kijana aliyedhulumiwa ardhi ya baba yake, akaingia nyumbani kwa dhalimu kwa jina la mwalimu wa Kifaransa. Na kati ya mambo yote yaliyomo katika maandishi ya Pushkin, ukaimu huu wa mwalimu ndio aliouweka katikati ya filamu na kuujengea mapenzi, hofu na vichekesho vyake. Miaka minane baada ya hapo, mwaka 1933, alikuwa mmoja wa waandishi wa By Candlelight, iliyoongozwa na James Whale, ambamo mtumishi anadhaniwa kuwa bwana wake. Waongozaji watatu wenye tabia zisizofanana hata kidogo wanakutana katika mtu mmoja aliyewaandikia.

Haki inadai kuangalia pingamizi mbili. Ya kwanza ni kwamba kukosewa kwa utambulisho ni mali ya jukwaa la Ulaya ya kati tangu zamani, hasa ya opereta, yaani tamthilia nyepesi yenye nyimbo, na kwamba Kräly, kama waandishi wengi wa Berlin, alichukua visa vyake kutoka huko. Hilo ni kweli, na ndiyo sababu hoja haiwezi kusimama juu ya kuwapo kwa kaimu tu, bali juu ya kinachompata. Katika opereta ya kawaida barakoa huvuliwa na kila mtu hurudi mahali pake. Katika Kräly kitendo cha kaimu hubaki, kama ndoa ya Josef inavyobaki. Pingamizi ya pili ni kwamba Lubitsch aliendelea na watu wa kujigeuza hata baada ya kuachana na Kräly: wezi wa Trouble in Paradise ya 1932, iliyoandikwa na Samson Raphaelson, wanajifanya watu wa tabaka la juu, na waigizaji wa Kipolandi wa To Be or Not to Be ya 1942 wanavaa sare za maofisa wa Nazi. Tofauti hata hivyo ni ya wazi kwa anayetazama kwa makini. Wezi na waigizaji hao ni mabingwa. Wamechagua kujigeuza na wanaujua ufundi wake. Kaimu wa Kräly hakuchagua. Amesukumwa na bwana, na baba, na njaa au na haraka ya mtu mwingine, na uchekeshaji unatokana na taasisi zinazompokea bila kumtazama usoni.

Ushahidi bora zaidi ni kisa ambacho Kräly alikiandika mara mbili. Mwaka 1872 Henri Meilhac na Ludovic Halévy walitoa mjini Paris tamthilia iliyoitwa Le Réveillon, ambayo miaka miwili baadaye ilikuwa msingi wa opereta ya Johann Strauss, Die Fledermaus. Kisa chake ni cha mume aliyehukumiwa kifungo kifupi ambaye, badala ya kwenda gerezani, anakwenda kwenye karamu ya dansi; wakati huo mlinzi wa sheria anakuja nyumbani kumchukua na kumkuta mwanamume mwingine aliyekuja kumtembelea mke, na mwanamume huyo, ili kulinda heshima ya mke, anakubali kwamba yeye ndiye mume na anakwenda kufungwa. Kräly alikitumia kisa hiki Berlin 1917 katika Das fidele Gefängnis na akakirudia Hollywood 1926 katika So This Is Paris, mara zote mbili Lubitsch akiongoza, na tofauti ya matoleo hayo mawili inaonyesha alivyokua.

Katika toleo la Berlin uzito uko gerezani. Emil Jannings anacheza mlinzi wa gereza, mlevi mwenye mapenzi mengi, anayemkumbatia mfungwa wake kwa upendo usioelezwa sana, na jela inaonekana kuwa mahali pa furaha kuliko karamu. Kila mlango wa mambo umejaa: mume yuko dansini akimtongoza mwanamke mwenye barakoa ambaye ni mke wake, mjakazi yuko dansini akijifanya mwanamke wa heshima, na mtu asiye na hatia yuko kizuizini akilala fofofo. Ni kichekesho cha mwanafunzi mwenye kipaji, ambaye ameona kwamba kisa kimoja kinaweza kubeba makaimu watatu na hakutaka kumwacha hata mmoja.

Toleo la Hollywood limepunguza watu na kuongeza vitu. Dakta Giraud anavuka barabara kwenda kumkemea jirani aliyesimama dirishani bila shati, anakuta kwamba mke wa jirani ni mpenzi wake wa zamani, anarudi nyumbani na kumwambia mkewe kwamba amevunja fimbo yake ya kutembelea juu ya mgongo wa yule mwanamume. Muda mfupi baadaye jirani anakuja kwa adabu kuirudisha fimbo nzima, aliyoisahau daktari. Uongo wote wa ndoa ile umo katika kipande hicho cha mti. Baadaye daktari anapotakiwa kwenda jela kwa kumtukana polisi, jirani ndiye anayechukuliwa badala yake, naye daktari anakwenda kwenye karamu ya wasanii na kushinda mashindano ya dansi ya charleston. Mke, akiwa nyumbani na kuamini kwamba mumewe yuko jela, anasikia redio ikitangaza jina la mshindi. Mwaka 1917 ilibidi mke afike karamuni ili ajue. Mwaka 1926 mwandishi ametambua kwamba chombo kipya cha nyumbani kinaweza kumsaliti mume kwa sauti ambayo filamu yenyewe haina, na katika filamu isiyo na sauti hiyo ni hatua ya ujasiri mkubwa. Kaimu wa kiume anakaa gerezani kwa muda wote uliobaki na kisa hakimhitaji tena, jambo ambalo toleo la kwanza lisingethubutu kulifanya.

Tuzo iliyomfikia Kräly haikumfikia kwa kazi ya aina hii. Mwaka 1928 kampuni ya Paramount ilitoa The Patriot, iliyotokana na tamthilia ya Alfred Neumann juu ya siku za mwisho za Paulo wa Kwanza, mfalme wa Urusi aliyeuawa 1801, Jannings akiwa mfalme aliyechanganyikiwa na Lewis Stone akiwa Pahlen, waziri anayemsaliti rafiki ili kuiokoa nchi. Katika sherehe ya pili ya tuzo za Oscar, iliyofanyika tarehe 3 Aprili 1930 mjini Los Angeles, tuzo ya uandishi ilikuwa moja tu, na ilikwenda kwa Kräly kwa filamu hiyo. Kamati ilimfikiria pia kwa The Last of Mrs. Cheyney. Lubitsch mwenyewe hakupata kamwe tuzo ya kushindaniwa, na ile ya heshima alipewa 1947, miezi michache kabla ya kifo chake mwezi Novemba mwaka huo. Jambo la kusikitisha, na ambalo kila anayependa sanaa hii anapaswa kulisikitikia, ni kwamba nakala kamili ya The Patriot haijapatikana. Vimebaki vipande na tangazo la filamu. Mwandishi aliyetuzwa kwa kazi moja amepoteza hiyo hiyo, na wasomi wanalazimika kumhukumu kwa kazi ambazo hazikutuzwa. Katika hali yake hasara hiyo imegeuka kuwa na manufaa fulani, maana vichekesho vilivyobaki vinamweleza vizuri zaidi kuliko tamthilia ya mfalme ingeweza.

Tuzo hiyo ilimkuta katika mwaka mbaya. Eternal Love ya 1929 ilikuwa filamu ya mwisho aliyomwandikia Lubitsch, kwa sababu mwaka 1930 uhusiano wake na Helene, mke wa Lubitsch, ulijulikana hadharani, ndoa ikavunjika na urafiki wa kazi wa takriban miaka 14 ukaisha. Mengi yameandikwa juu ya aibu hiyo na machache juu ya miswada, na hapa inatosha kuitaja. Lililokuwa na athari kubwa zaidi kwa kazi yake ni sauti. Mwandishi aliyekuwa amejifunza kusema kwa milango na fimbo sasa alitakiwa kuandika mazungumzo ya Kiingereza, lugha ambayo hakukulia ndani yake, na tangu hapo jina lake linaonekana mara nyingi pamoja na majina ya waandishi wengine wa kampuni ya MGM, kama Claudine West, ambao waliweza kutia maneno vinywani mwa waigizaji.

Kabla mlango huo haujafungwa aliandika mswada wa The Kiss, iliyotoka 1929 chini ya uongozi wa Mbelgiji Jacques Feyder, filamu ya mwisho isiyo na mazungumzo ya Greta Garbo na ya kampuni ya MGM yenyewe. Mume anapigwa risasi nyuma ya mlango uliofungwa, mtazamaji asione. Polisi wanapomhoji mke, picha inaonyesha anachosema, na anapojirekebisha, picha nayo inajirekebisha: mishale ya saa inasogezwa, dirisha lililokuwa wazi linafungwa. Kwa njia hiyo uongo unatengenezwa mbele ya macho ya mtazamaji bila kibao kumwambia kwamba ni uongo, na sehemu kubwa ya filamu za mashtaka zilizofuata, zilizokuwa na sauti tele, hazikuweza kusema jambo hilo kwa ufupi huo. Ni vigumu kuitazama bila kujiuliza sanaa ya filamu bubu ingefika wapi kama ingepewa miaka mingine kumi.

Katika miaka ya 1930 kampuni ya Universal ilikusanya watu wa Ulaya ya kati waliokimbia Ujerumani ya Hitler au waliotangulia kufika, miongoni mwao mwongozaji Henry Koster, aliyejulikana Berlin kwa jina la Hermann Kosterlitz, na mtayarishaji Joe Pasternak. Kräly alipata nafasi kati yao akiwa mwandishi wa visa, yaani mtu anayetoa mpango wa hadithi huku mazungumzo yakiandikwa na wengine, mgawanyo wa kazi uliomfaa. Kisa chake cha One Hundred Men and a Girl ya 1937, juu ya msichana anayewatafutia kazi wanamuziki 100 wasio na ajira na kumshawishi kondakta maarufu Leopold Stokowski, aliyejiigiza mwenyewe, awaongoze, kilimfanya ateuliwe tena kugombea tuzo ya Oscar; iliyoshinda ni A Star Is Born. Waliotazama filamu hiyo wakati wa shida kubwa ya uchumi walijua wanamuziki hao ni nani.

Miaka minne baadaye kikaja It Started with Eve, iliyoongozwa tena na Koster. Tajiri mzee, aliyeigizwa na Charles Laughton, anakaribia kufa na anataka kumwona mchumba wa mwanawe. Mchumba hapatikani kwa haraka, na mwana anamleta msichana anayetunza kofia na makoti hotelini ajifanye ndiye. Mzee anampenda, na asubuhi amepona. Sasa msichana hawezi kuondolewa bila kumrudishia mzee ugonjwa wake, na mchumba halisi, anapofika, anaonekana mgeni katika nafasi iliyo yake kwa haki. Lubitsch hakuwa na mkono katika filamu hii, waandishi wa mazungumzo Norman Krasna na Leo Townsend walikuwa Wamarekani, na mwongozaji alikuwa wa kizazi kingine. Hata hivyo muundo wake ni ule ule wa mtumishi Josef wa 1919, aliyeletwa kwa dakika chache na kukuta kwamba kila mtu amekwisha kumkubali. Miaka 22 imepita, nchi na lugha vimebadilika, sauti imekuja, na kaimu bado anamshinda mwenyewe kwa kuwa ndiye aliyekuwapo wakati mtu alipohitajika.

Miongoni mwa kazi za mwisho zenye jina lake ni kisa cha The Mad Ghoul, filamu ya kutisha ya 1943 juu ya profesa anayemgeuza mwanafunzi wake kuwa mfu anayetembea na kutii amri, kazi ya bajeti ndogo ambayo wapenzi wa filamu za kutisha wanaikumbuka zaidi kuliko wanavyomkumbuka mwandishi wake. Hakuna sababu ya kuipandisha hadhi, na Kräly hakuwa mwandishi wa kutisha. Uhakiki unaomstahili unapaswa kuanza na Das fidele Gefängnis na So This Is Paris kuonyeshwa jioni moja, ya kwanza ikifuatwa mara na ya pili, kisha It Started with Eve kuwekwa kando ya Die Austernprinzessin; kazi hiyo inawezekana, kwa sababu filamu zote nne zimesalia.